Hesabu ya Kura Vijijini: Migogoro Inavyozuka, Inavyoamuliwa, na Somo la Kura ya Kupanga Chaguo

Na Mwandishi Wetu

Uchaguzi wa serikali za mitaa ndio ulio karibu zaidi na mwananchi. Mgombea anayeshindaniwa ni jirani, wakala anayesimamia maslahi yake ni ndugu au rafiki wa mpiga kura, na matokeo hutangazwa mahali ambapo kila aliyepo anamfahamu mwenzake. Kwa sababu hiyo, hesabu ya kura inapotiliwa shaka, mgogoro hauishii kwenye karatasi. Huingia kisimani, malishoni na katika mikutano ya kijiji kwa miaka mitano inayofuata.

Makala haya yanaeleza jinsi kura zinavyohesabiwa katika uchaguzi wa vijiji na vitongoji nchini Tanzania, migogoro ya hesabu inakozuka na ngazi za kuitatua. Aidha, yanaeleza mfumo mwingine unaotumika katika baadhi ya nchi, ambao mpiga kura hupanga wagombea kwa namba, na namna mfumo huo unavyobadilisha sura ya migogoro hiyo. Kijiji cha Engaresero, Wilaya ya Ngorongoro, kimechukuliwa kama mfano wa mazingira ambamo masuala haya yana uzito wa pekee.

Kiti cha kijiji na uzito wake

Engaresero ipo Tarafa ya Sale, kusini mwa Ziwa Natron, chini ya Mlima Ol Doinyo Lengai. Ni eneo la wafugaji wa Kimaasai, lenye ukame wa muda mrefu, na linalopokea wageni wanaokuja kupanda mlima, kuona ziwa na kutazama nyayo zaidi ya 400 za binadamu wa kale zilizohifadhiwa katika majivu ya volkano yaliyogeuka mwamba.

Katika eneo la namna hiyo, uongozi wa kijiji si cheo cha heshima tu. Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya), Sura ya 287, inaipa kila kijiji halmashauri yenye wajumbe wasiopungua 15 na wasiozidi 25, wakiwemo mwenyekiti wa kijiji na wenyeviti wa vitongoji. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, inaikabidhi halmashauri hiyo usimamizi wa ardhi ya kijiji kwa niaba ya wanakijiji wote, kama mdhamini anavyosimamia mali ya wengine. Mipaka ya malisho, njia za mifugo kwenda majini, maeneo ya kambi za wageni na matumizi ya mapato ya kijiji hupita mikononi mwa halmashauri kabla ya kufikishwa kwenye mkutano mkuu wa kijiji.

Wilaya ya Ngorongoro ina kumbukumbu ya karibuni inayoonesha uzito huo. Tangazo la Serikali Namba 673 la tarehe 2 Agosti 2024 liligusa hadhi ya kata 11, vijiji 25 na vitongoji 96 vya wilaya hiyo, na Mahakama Kuu, Arusha, ikasimamisha utekelezaji wake tarehe 22 Agosti 2024, miezi mitatu kabla ya siku ya kupiga kura. Suala hilo halikuwa la hesabu ya kura, lakini lilidhihirisha kwamba kwa mwananchi wa Ngorongoro kijiji na kiti chake ni mambo ya ardhi na makazi.

Zaidi ya hayo, jamii ya Kimaasai ina utamaduni wake wa maamuzi. Jambo zito hujadiliwa kwa muda mrefu chini ya uongozi wa laigwanani hadi pande zote ziafikiane. Uchaguzi wa kura ya siri hufuata njia nyingine: huhesabu, humtangaza mshindi na kuwaacha wengine wakiwa wameshindwa. Hesabu hiyo basi sharti iwe wazi kiasi kwamba hata aliyeshindwa aweze kuikubali bila kuona kwamba amedharauliwa.

Utaratibu wa sasa

Uchaguzi wa wenyeviti wa vijiji, vitongoji na mitaa pamoja na wajumbe wa halmashauri za vijiji na kamati za mitaa hufanyika kila baada ya miaka mitano. Uchaguzi wa karibuni ulifanyika tarehe 27 Novemba 2024. Kabla yake kulikuwa na uchaguzi wa tarehe 24 Novemba 2019 na ule wa tarehe 14 Desemba 2014. Uchaguzi wa mwaka 2024 uliendeshwa na Ofisi ya Rais, Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa (TAMISEMI) kwa kanuni zilizotolewa katika Matangazo ya Serikali Namba 571, 572, 573 na 574 ya mwaka huo. Maeneo yaliyotangazwa kushiriki yalikuwa vijiji 12,333, mitaa 4,269 na vitongoji 64,274. Wananchi 31,282,331 walijiandikisha katika orodha ya wapiga kura.

Ni vyema kutofautisha uchaguzi huu na ule wa madiwani. Diwani huchaguliwa pamoja na Rais na Wabunge, chini ya Tume Huru ya Taifa ya Uchaguzi, kwa mujibu wa Sheria Namba 1 ya mwaka 2024, na daftari linalotumika ni Daftari la Kudumu la Wapiga Kura. Uchaguzi wa kijiji hutumia orodha yake, inayoandaliwa katika eneo husika kwa kigezo cha ukazi. Mwananchi anayechanganya taratibu hizi mbili huenda akapeleka lalamiko lake mahali pasipohusika na kupoteza muda aliopewa na kanuni.

Kura ya kijiji ni ya siri. Mpiga kura hupewa karatasi kwa kila nafasi inayogombewa, huweka alama moja kwa mgombea amtakaye, kisha huitumbukiza karatasi katika sanduku. Upigaji kura unapofungwa, kura huhesabiwa mbele ya mawakala wa wagombea. Anayepata kura halali nyingi kuliko wengine ndiye mshindi, hata kama hakufikisha nusu ya kura zote. Utaratibu huu hujulikana kama wingi wa kura.

Migogoro huzuka wapi

Migogoro mingi inayoitwa ya hesabu huanza kabla ya karatasi ya kwanza kukunjuliwa. Kwa ufafanuzi, inaweza kugawanywa katika makundi manne.

Kundi la kwanza ni la orodha na uteuzi. Mtu asiye mkazi akiandikishwa, au mkazi akikosekana katika orodha, hesabu inaweza kuwa sahihi kwa tarakimu na bado isikubalike. Kwa wafugaji wanaohama na mifugo wakati wa kiangazi, swali la nani ni mkazi linahitaji kuamuliwa mapema, wakati wa ukaguzi wa orodha. Vilevile, mwaka 2019 malalamiko makubwa nchini yalihusu wagombea walioenguliwa katika hatua ya uteuzi. Hilo ni pingamizi la uteuzi, nalo lina ngazi zake tofauti na zile za hesabu.

Kundi la pili ni la vifaa. Karatasi zilizochelewa, zilizopungua au zenye jina lililokosewa huharibu uchaguzi hata kama kila aliyehusika alikuwa na nia njema. Katika uchaguzi wa Desemba 2014, kasoro za aina hiyo zilisababisha upigaji kura kuahirishwa na kufanyika upya katika baadhi ya maeneo ya nchi.

Kundi la tatu ni la kura zilizoharibika. Karatasi isiyo na alama, yenye alama kwa wagombea wawili, au yenye maandishi yanayomtambulisha mpiga kura, haihesabiwi. Ugumu huja pale alama inapokuwa pembeni ya kisanduku, au imewekwa kwa namna ambayo mmoja anaisoma hivi na mwingine vile. Hapo uamuzi hutolewa karatasi kwa karatasi, na wakala asiyeridhika hutakiwa kusema wakati huohuo.

Kundi la nne ni la ujumlishaji. Ulinganifu wake ni rahisi. Idadi ya waliotiwa alama katika orodha kuwa wamepiga kura ilingane na idadi ya karatasi zilizokutwa sandukuni. Idadi hiyo nayo ilingane na jumla ya kura za wagombea wote pamoja na zilizoharibika. Tarakimu hizi zisipokubaliana, kuna jambo la kueleza. Zikikubaliana, madai mengi yaliyozagaa mitaani hupoteza nguvu.

Ngazi za kutatua mgogoro

Ngazi ya kwanza ni kituoni. Wakala ana wajibu wa kutazama kila karatasi inapooneshwa, kuandika tarakimu zake mwenyewe na kutoa pingamizi kabla ya fomu ya matokeo kusainiwa. Pingamizi lililoandikwa usiku uleule, likitaja nafasi iliyogombewa, idadi ya karatasi zinazobishaniwa na sababu, lina uzito kuliko simulizi iliyotungwa wiki mbili baadaye.

Ngazi ya pili ni ya msimamizi wa uchaguzi katika halmashauri. Kwake ndiko hufikishwa taarifa za kasoro zilizojitokeza katika uendeshaji, na kwake hutunzwa kumbukumbu za uchaguzi. Mgombea anayekusudia kwenda mbele anapaswa kuhakikisha lalamiko lake limepokelewa kwa maandishi.

Ngazi ya tatu ni Mahakama. Mgombea au mpiga kura asiyeridhika na matokeo anaweza kufungua shauri katika Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30 tangu matokeo yatangazwe. Shauri lililochelewa huweza kutupwa bila ushahidi wake kusikilizwa.

Mwananchi anapaswa pia kufahamu kipimo kinachotumiwa na Mahakama. Tangu shauri la Mbowe dhidi ya Eliufoo la mwaka 1967, linalotajwa hadi leo katika kesi za uchaguzi nchini, haitoshi kuthibitisha kwamba kasoro ilikuwepo. Inapodaiwa kwamba kanuni hazikufuatwa, sharti ioneshwe kwamba kasoro hiyo iliathiri matokeo. Tuchukue mfano: mshindi amemzidi mwenzake kwa kura 40, na karatasi zinazobishaniwa ni 12. Hata zote 12 zikihamishiwa kwa mlalamikaji, pengo linapungua hadi kura 16 na mshindi habadiliki. Iwapo pengo ni kura 9, karatasi hizohizo 12 ndizo shauri lenyewe. Kwa hiyo, swali la kwanza la kujiuliza kabla ya kwenda mahakamani ni hili: kura zinazobishaniwa ni ngapi, na pengo ni kiasi gani?

Mstari na karatasi: somo la Afrika Mashariki

Nchi za Afrika Mashariki zimepitia njia mbalimbali za kuhesabu kura, na kila moja imeacha somo.

Nchini Kenya, mwaka 1988, uteuzi wa wagombea wa chama cha KANU ulifanyika kwa wapiga kura kupanga mstari nyuma ya mgombea au picha yake. Utaratibu huo uliitwa mlolongo. Ulikuwa wa wazi kwa macho, kwani kila aliyekuwepo aliona mstari upi ni mrefu. Hata hivyo, malalamiko yalikuwa mengi kwamba waliotangazwa washindi ni wenye mistari mifupi. Hayakuwa na njia rahisi ya kuthibitishwa wala kukanushwa, kwa sababu mstari ukishatawanyika hauhesabiki tena. Uganda nayo ilitumia kupanga mstari katika uchaguzi wa viongozi wa vijiji wa tarehe 10 Julai 2018.

Karatasi ina faida ambayo mstari hauna: hubaki. Tarehe 1 Septemba 2017, Mahakama ya Juu ya Kenya ilipobatilisha matokeo ya uchaguzi wa rais wa mwezi uliotangulia, mjadala mkubwa ulihusu fomu za matokeo na namna zilivyosafirishwa kutoka vituoni hadi kituo kikuu. Majaji waliweza kuuliza maswali hayo kwa kuwa kulikuwa na fomu za kuulizia.

Tanzania nayo ina historia yake ya karatasi. Katika uchaguzi wa Tanganyika wa mwaka 1958 na 1959, kila mpiga kura alitakiwa kuchagua watu watatu, Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja. Kuanzia mwaka 1965, chini ya chama kimoja, wagombea wawili wa ubunge walitofautishwa kwa alama za jembe na nyumba, ili hata asiyejua kusoma aweze kuchagua. Katika vipindi hivyo vyote, uzoefu ni kwamba mpiga kura hujifunza karatasi ya aina yoyote akielezwa vizuri. Suala linalobaki ni nani anaweza kuihakiki hesabu baada ya karatasi kuingia sandukuni.

Kura ya kupanga chaguo ni nini

Katika baadhi ya nchi, mpiga kura haweki alama moja tu. Huandika namba 1 kwa mgombea anayempenda zaidi, 2 kwa anayemfuatia, na kuendelea. Utaratibu huu hutumika katika Ireland na Australia, katika uchaguzi wa mabaraza ya mitaa ya Scotland tangu mwaka 2007, na katika baadhi ya miji ya Marekani. Tanzania haiutumii katika uchaguzi wowote wa serikali za mitaa.

Kwa nafasi ya mtu mmoja, hesabu huenda kwa duru. Chaguo la kwanza la kila karatasi huhesabiwa. Mgombea akipata zaidi ya nusu, ameshinda. Asipopatikana, mgombea wa mwisho huondolewa, na karatasi zake hugawiwa kwa wagombea waliobaki kwa kufuata chaguo la pili lililoandikwa. Karatasi ambayo haina chaguo jingine huwekwa kando. Duru hurudiwa hadi mmoja apate zaidi ya nusu ya kura zinazoendelea kuhesabiwa.

Wanaoutetea utaratibu huu wanasema humzuia mgombea anayekataliwa na wengi asishinde kwa sababu tu wapinzani wake wamegawana kura. Wanaoupinga wanasema ni mgumu kueleweka na huchelewesha matokeo. Makala haya hayakusudii kuamua baina yao. Yanakusudia kuonesha jambo moja: utaratibu huu hauondoi migogoro ya hesabu, bali huihamisha.

Mfano wa kitongoji cha kura 600

Tuchukue kitongoji cha kufikirika chenye kura halali 600 na wagombea watatu. Wa kwanza ana kura 250, wa pili 176 na wa tatu 174. Kwa wingi wa kura, kama ilivyo Tanzania, wa kwanza ameshinda kwa pengo la kura 74, na hakuna kubwa la kubishania.

Kwa kura ya kupanga chaguo, hakuna aliyezidi 300, hivyo wa tatu anaondolewa. Tuseme karatasi zake 174 zinagawanyika hivi: 124 zinakwenda kwa mgombea wa pili, 30 kwa wa kwanza, na 20 hazina chaguo jingine. Mgombea wa pili anafikisha kura 300 na wa kwanza 280. Mshindi ni wa pili.

Sasa karatasi mbili tu zilizosomwa kuwa za mgombea wa pili zibainike kuwa za wa tatu. Hesabu ya duru ya kwanza inakuwa 250, 174 na 176. Anayeondolewa sasa ni yule aliyekuwa wa pili. Karatasi zake 174 zikigawanyika 100 kwa wa kwanza, 60 kwa wa tatu na 14 zisizo na chaguo jingine, wa kwanza anapata 350 na wa tatu 236. Mshindi amebadilika, ilhali karatasi mbili zilizobishaniwa hazikuwa zake hata moja.

Mfano huu unaonesha jinsi kazi ya wakala inavyobadilika. Katika wingi wa kura, wakala hutazama pengo kati ya wa kwanza na wa pili. Katika kura ya kupanga chaguo, mgogoro mzito huweza kuwa baina ya wawili wa mwisho. Aidha, duru ya pili haiwezi kuanza kabla ya kura za vituo vyote kujumlishwa, kwani hakuna kituo kinachojua peke yake ni nani wa kuondolewa. Hesabu, au angalau sehemu yake ya mwisho, huhamia mahali pengine, mara nyingi kwenye kompyuta. Wakala aliyekesha kituoni huondoka na tarakimu za duru ya kwanza tu.

Yaliyotokea kwingine

Mfano uliotangulia si wa kubuni tu. Katika Kaunti ya Alameda, jimbo la California, Marekani, uchaguzi wa Novemba 2022 ulihusisha kiti kimoja cha bodi ya shule za mji wa Oakland chenye wagombea watatu: Nick Resnick, Mike Hutchinson na Pecolia Manigo. Resnick alithibitishwa kuwa mshindi. Baadaye wachambuzi wa nje walioikagua hesabu waligundua kwamba programu ilikuwa imepangwa vibaya kuhusu karatasi zilizoachwa wazi katika chaguo la kwanza. Karatasi hizo zilipaswa kuhesabiwa mara moja kwa chaguo lililofuata, lakini programu iliziweka kando katika duru ya kwanza. Kwa sababu hiyo Hutchinson aliondolewa mapema, wakati aliyestahili kuondolewa alikuwa Manigo. Kosa lilitangazwa mwishoni mwa Desemba 2022, na mwezi Machi 2023 mahakama ikaamua kwamba mshindi halali ni Hutchinson.

Mambo mawili yanafaa kuzingatiwa. Kwanza, hakuna wakala ambaye angeliona kosa hilo kwa kutazama karatasi zikikunjuliwa. Pili, lilionekana kwa sababu kumbukumbu za kura, bila majina ya wapiga kura, zilikuwa zimewekwa wazi, na mtu mwingine aliweza kuirudia hesabu kutoka mwanzo.

Mwaka 2021, mjini New York, bodi ya uchaguzi ilitangaza matokeo ya awali ya duru za uteuzi wa wagombea wa umeya yakiwa yamechanganywa na takriban kura 135,000 za majaribio ambazo hazikufutwa kwenye kompyuta. Matokeo hayo yaliondolewa na kutolewa upya. Tarakimu zilirekebishwa, ila imani ya wananchi ilikuwa imetikiswa.

Ireland ilichagua njia nyingine. Nchi hiyo ilinunua mashine za kielektroniki kwa gharama iliyopita euro milioni 50, kisha mwaka 2009 ikaamua kuachana nazo kwa kukosa njia ya kuhakiki kura. Hadi leo karatasi huhesabiwa kwa mikono mbele ya wawakilishi wa wagombea, na kazi hiyo huweza kuchukua siku kadhaa. Ucheleweshaji huo ndio gharama waliyokubali kulipa ili hesabu ibaki machoni pa watu.

Maana yake kwa Engaresero

Vitongoji vya eneo kama Engaresero viko mbalimbali, na barabara zake hupita katika mchanga, majivu na makorongo. Kura kuhesabiwa palepale zilipopigwa kuna manufaa makubwa, kwani waliopiga ndio wanaoshuhudia, na sanduku halisafiri usiku kabla ya kufunguliwa. Uchaguzi wa kupanga chaguo katika kijiji chenye vituo vingi ungelazimu karatasi au tarakimu zake zisafiri kabla mshindi hajajulikana. Ingehitajika lakiri zinazoaminika, mawakala wa kusindikiza, na nakala ya kila duru kwa kila mgombea.

Kwa nafasi ya mwenyekiti wa kitongoji kimoja chenye kituo kimoja, ugumu huo ungepungua, kwa kuwa duru zote zingeweza kumalizika mezani palepale. Kwa maneno mengine, umbali kati ya sanduku na meza ya hesabu una uzito sawa na aina ya namba zinazoandikwa kwenye karatasi.

Katika mifano yote iliyotajwa, hesabu iliyokubalika ni ile ambayo mtu asiyeifanya aliweza kuirudia na kupata jibu lilelile. Mlolongo haukurudiwa. Fomu za Kenya ziliweza kukaguliwa. Hesabu ya Oakland ilirudiwa na kusahihishwa. Kwa kijiji, karatasi zilizohifadhiwa, fomu iliyojazwa vizuri na mawakala waliokaa hadi mwisho ndivyo humwezesha aliyeshindwa kuridhika, na aliyeshinda kuongoza bila kunyooshewa kidole.

Mambo ya kuzingatia

Wananchi na vyama vya siasa wanakumbushwa mambo yafuatayo wanapojiandaa kwa uchaguzi ujao wa serikali za mitaa:

1. Kagua jina lako katika orodha ya wapiga kura wakati orodha inapobandikwa. Siku ya kupiga kura si siku ya kurekebisha orodha.

2. Chama kiteue wakala anayejua kusoma, kuandika na kujumlisha, na ambaye yuko tayari kukaa hadi fomu ya mwisho isainiwe.

3. Wakala aandike tarakimu tatu kwa kila nafasi: waliopiga kura, kura halali na kura zilizoharibika. Tarakimu hizi ndizo msingi wa hoja yoyote itakayofuata.

4. Pingamizi litolewe kituoni, kwa maandishi, kabla ya matokeo kutangazwa.

5. Anayekusudia kwenda mahakamani alinganishe kwanza idadi ya kura zinazobishaniwa na pengo la ushindi, na azingatie ukomo wa siku 30.

6. Matokeo yakishatangazwa, kijiji kinabaki kimoja. Mlalamikaji na mlalamikiwa wataendelea kunywesha mifugo katika maji yaleyale, na shauri lililopelekwa kwa utaratibu huacha nafasi ya kuishi pamoja baada ya hukumu.